Muziki wa Kihindustani na magwiji wake: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Muziki wa Kihindustani ni upi? Ndizo zile nyimbo za filamu za Kihindi?

Hapana, ingawa filamu zimechota sana humo. Ni muziki wa kitaalamu wa India ya kaskazini, Pakistan na Bangladesh. Kusini mwa India wana wao, wa Karnatiki, ambao ni ndugu wa huu lakini una watunzi wake, ala zake na mafunzo yake. Mpaka kati ya hizo mbili haukunyooka. Bhimsen Joshi, Gangubai Hangal na Mallikarjun Mansur, waimbaji watatu wa Kihindustani ambao hakuna anayewabishia, wote walitoka Karnataka, jimbo la kusini, katika ukanda wa Gadag, Hubli na Dharwad.

Jambo moja lishike mapema, maana litarudi tena na tena. Msanii wa muziki huu hana karatasi ya noti mbele yake. Anachokijua alikipokea kwa mwalimu wake, na mwalimu alikipokea kwa wake. Ndiyo maana wapenzi wa muziki huu wakitajiwa jina la msanii wasiyemjua, huuliza kwanza: amefundishwa na nani?

Raga ni nini?

Raga si wimbo, wala si orodha ya noti tu. Ni utaratibu wa kutembea ndani ya noti: ipi ukae, ipi upite haraka, ipi uiyumbishe, ipi usiiguse unapopanda lakini uiguse unaposhuka. Aliyezoea kusikiliza usomaji wa Qurani kwa maqamu, au mpiga udi wa taarab ya Unguja, atalielewa hili bila shida.

Chukua mfano. Noti za Kihindi ni saba: Sa, Re, Ga, Ma, Pa, Dha, Ni. Raga ya Bhupali inatumia tano tu: Sa, Re, Ga, Pa, Dha. Raga ya Deshkar inatumia hizohizo tano, hakuna iliyozidi wala iliyopungua. Lakini Bhupali hukaa kwenye Ga, huimbwa jioni, na mwendo wake ni wa utulivu. Deshkar hupenda Dha, huimbwa asubuhi, na makazi yake ni sehemu ya juu ya sauti. Mwimbaji wa Deshkar akijisahau akakaa kidogo tu kwenye Ga, wazee wa mstari wa mbele wataangaliana. Tofauti ya namna hii haiandikiki vizuri kitabuni. Unaimba, mwalimu anasema siyo, unaimba tena.

Kwa nini kila raga ina saa yake?

Ni desturi ya kale, na India ya kaskazini imeishika kuliko kusini. Bhairav ni ya alfajiri, Yaman ya jioni taa zinapowashwa, Darbari Kanada na Malkauns za usiku mkubwa. Jamii ya Malhar ni ya msimu wa mvua. Bhairavi kwa asili ni ya asubuhi, ila siku hizi hufunga tamasha saa yoyote. Ukiisikia, jua watu wanajiandaa kuondoka.

Desturi hii imepata pigo kutoka mahali ambapo hakuna aliyepafikiria. Kanuni za kelele za mwaka 2000 nchini India zinazuia vipaza sauti vya nje kati ya saa 4 usiku na saa 12 asubuhi. Matamasha ya wazi yaliyokuwa yakikesha, likiwemo lile kubwa la Pune la Sawai Gandharva lililoanzishwa mwaka 1953, yakalazimika kumaliza mapema. Matokeo yake Malkauns ya saa 8 usiku imekuwa adimu kusikika mahali pake.

Na tala?

Tala ni mzunguko wa mapigo. Tintal ina mapigo 16, ektal 12, jhaptal 10, rupak 7. Pigo la kwanza huitwa sam, na furaha yote iko hapo: mwimbaji anapotea mbali, mpiga tabla anaendelea kuhesabu, kisha wote wanakutana kwenye sam kwa pamoja na ukumbi mzima unaguna. Katika uimbaji wa polepole mzunguko mmoja huweza kupita nusu dakika, na bado wanakutana.

Tabla ni ngoma mbili, ya mbao kwa mkono wa kulia na ya chuma kwa kushoto. Doa jeusi katikati ya ngozi si pambo. Ni mchanganyiko wa unga wa chuma na uji wa wanga, unaopakwa tabaka juu ya tabaka na kusuguliwa kwa jiwe mpaka utokee mtandao wa nyufa ndogondogo. Bila doa hilo ngozi ingetoa kishindo tu. Kwa doa hilo inatoa noti.

Tansen alikuwa nani, na hadithi zake ni za kweli?

Alikuwepo kweli. Alianza kujulikana katika baraza la mfalme wa Rewa, kisha katika miaka ya 1560 akachukuliwa na Akbar, mfalme wa Wamughali, akawa mmoja wa wale wanaoitwa vito tisa vya baraza lake. Abul Fazl, mwandishi wa Akbar, aliandika kwamba India haikuwa imeona mwimbaji kama huyo kwa miaka elfu moja.

Kwamba aliwasha taa kwa kuimba raga ya Dipak na kuleta mvua kwa Malhar, hizo ni hadithi za kusimuliana. Lililo muhimu zaidi ni kwamba koo nyingi za wanamuziki wa kaskazini zilijitangaza kuwa za kizazi chake au za wanafunzi wa kizazi chake, na hilo lilikuwa na uzito kama hati ya shamba. Kaburi lake liko Gwalior, kando ya kaburi la Muhammad Ghaus, mtu wa Kisufi. Pana mti wa mkwaju hapo, na waimbaji hutafuna majani yake ili sauti ipate utamu.

Drupadi, khayali na tumri zinatofautianaje?

Ni mitindo mitatu ya kuimba. Drupadi ndiyo kongwe: nzito, ya taratibu, inaanza na sehemu ndefu isiyo na ngoma. Ukoo wa Dagar ndio ulioibeba hadi karne ya 20 ilipokuwa karibu kusahaulika. Khayali ilishika nafasi yake katika karne ya 18, katika baraza la Muhammad Shah, mfalme wa Wamughali, huko Delhi, ambako Niamat Khan, kwa jina la usanii Sadarang, alitunga beti ambazo zinaimbwa hadi leo. Khayali inampa mwimbaji uhuru mkubwa: beti mbili tatu, na saa nzima ya kuzichezea. Tumri ni ya mapenzi na huzuni, na ilistawi Lucknow chini ya Wajid Ali Shah, mtawala ambaye Waingereza walimpokonya ufalme wake mwaka 1856 na akaishia uhamishoni Kolkata pamoja na wanamuziki wake. Ndiyo sababu mojawapo Kolkata inaipenda tumri kiasi kile.

Gharana ni nini?

Ni nasaba ya muziki: ukoo pamoja na wanafunzi waliopokewa ndani yake, wenye namna yao ya kuimba au kupiga. Kwa kawaida hubeba jina la mji. Gwalior, mama wa gharana za khayali, huimba wazi na kwa mpangilio. Agra hupenda sauti ya kifua na mchezo wa mapigo. Kirana huingia noti moja moja na kukaa nayo. Jaipur-Atrauli, ya Alladiya Khan, hupenda raga adimu na misuko inayomchosha hata msikilizaji mzoefu. Patiala ni wepesi wa koo la mwimbaji.

Zamani kuingia haikuwa rahisi. Mwalimu humfunga mwanafunzi uzi mkononi katika sherehe ndogo, na tangu hapo ni kama mwana wa nyumba hiyo: anachota maji, anafua, anasikiliza. Beti nzuri kabisa zilifichwa kwa ajili ya watoto wa ukoo na wakati mwingine zilihesabiwa kuwa mahari. Watu huisifu sana gharana, nami naipenda, lakini ubahili huu uliua nyimbo nyingi pamoja na wenyewe.

Nani aliuvunja ubahili huo?

Kwanza watu wawili wenye jina moja. Vishnu Narayan Bhatkhande (1860–1936), mwanasheria wa Mumbai, alizunguka India akiwabembeleza mabingwa wamwimbie beti zao, akaziandika na kuzichapa, na akapanga raga katika makundi kumi. Vishnu Digambar Paluskar (1872–1931) alifungua shule ya muziki Lahore mwaka 1901, mahali ambapo mtoto wa mtu yeyote aliweza kulipa ada akajifunza.

Cha pili ni santuri. Mwaka 1902 mafundi wa kampuni ya gramafoni kutoka Uingereza walimrekodi mwimbaji Gauhar Jaan huko Kolkata. Upande mmoja wa sahani ulibeba kama dakika tatu. Yeye, aliyezoea kuimba raga usiku kucha, akaibana humo, kisha mwishoni akatangaza kwa Kiingereza kwamba jina lake ni Gauhar Jaan. Tangazo hilo liliwasaidia mafundi wa kiwandani Hanover, Ujerumani, wajue sahani ni ya nani. Alirekodi kwa lugha zaidi ya kumi.

Kwa santuri sauti ya gharana ikaanza kutoka kwenye maduka ya chai. Mvulana mmoja wa Gadag alisikia sahani ya Abdul Karim Khan, baba wa Kirana, akiimba tumri, akatoroka nyumbani mwaka 1933 kwenda kutafuta mwalimu wa kumfundisha kuimba vile. Alisafiri bila tiketi kwenye treni, akaimba ili asishushwe, akafika Gwalior, Kolkata, hadi Jalandhar, ambako baba yake alimpata. Mwalimu aliyemtafuta alikuwa karibu na kwao muda wote: Sawai Gandharva, mwanafunzi wa Abdul Karim Khan, akiishi Kundgol. Mvulana huyo ni Bhimsen Joshi, aliyekuja kupewa Bharat Ratna, nishani kuu ya India. Kwa mwalimu huyohuyo alikuwa akija kwa treni kutoka Hubli msichana Gangubai Hangal, ambaye baada ya upasuaji wa koo sauti yake ilishuka ikawa nzito karibu kama ya mwanamume, naye akaifanya alama yake.

Nafasi ya wanawake ilikuwaje?

Kubwa, na imelipwa vibaya. Kwa muda mrefu wanawake walioimba hadharani walikuwa wa tabaka la matawaifu: wasomi wa mashairi, muziki na densi, waliowafundisha adabu watoto wa mabwanyenye. Mwishoni mwa karne ya 19 ikaanza kampeni ya maadili dhidi yao, watu wa heshima wakawakwepa, na tumri zao zikaendelea kuimbwa na wengine bila kutaja zilikotoka. Gauhar Jaan alitoka tabaka hilo. Begum Akhtar (1914–1974) alianzia humo pia. Alipoolewa na wakili mwaka 1945 aliacha kuimba, akaugua, na akarudi studioni mwaka 1949 kwa ushauri wa madaktari. Ghazali zake, yaani nyimbo za mashairi ya mapenzi, za baada ya hapo zina ufa mdogo katika sauti ambao wapenzi wake hungojea kwa hamu.

Kesarbai Kerkar (1892–1977), mwanafunzi wa Alladiya Khan, alikuwa mkali hata kwa santuri, akihofia zitamwibia sanaa yake. Ajabu ni kwamba wimbo wake wa raga ya Bhairavi ndio uliochaguliwa kuwakilisha India kwenye sahani ya dhahabu iliyorushwa angani na chombo cha Voyager mwaka 1977. Mogubai Kurdikar, wa mwalimu huyohuyo, alimfundisha binti yake Kishori Amonkar (1932–2017), ambaye aliichukua Jaipur-Atrauli na kuilegeza kadiri alivyoona inafaa, wakosoaji wapende wasipende.

Ravi Shankar ndiye mkubwa kuliko wote?

Ndiye aliyejulikana zaidi nje ya India. Alipiga sitari, ala ya nyuzi, katika matamasha makubwa ya Marekani ya Monterey mwaka 1967 na Woodstock 1969. Agosti 1971, katika tamasha la New York la kuchangia wakimbizi wa Bangladesh, watu walipiga makofi baada ya yeye na Ali Akbar Khan kumaliza kulinganisha nyuzi. Akawaambia kama wamependa ulinganishaji kiasi hicho, anatumaini wataupenda zaidi muziki wenyewe.

Lakini kumwelewa Ravi Shankar, nenda Maihar, mji mdogo wa Madhya Pradesh. Ndiko alikoishi mwalimu wake, Allauddin Khan, mzaliwa wa Brahmanbaria ya Bangladesh ya leo, Mwislamu wa sala tano aliyemheshimu pia mungu wa kike Sharada katika hekalu la mlimani hapo. Kabla ya kupewa kazi na mtawala wa Maihar aliteseka miaka mingi akitafuta wa kumfundisha, na pengine kwa sababu hiyo yeye hakumfungia mlango mwanafunzi mwenye kipaji. Alikuwa mkali wa kutisha. Kutoka nyumba hiyo moja walitoka mwanawe Ali Akbar Khan wa sarodi, nayo ni ala ya nyuzi, Ravi Shankar na Nikhil Banerjee wa sitari, Pannalal Ghosh aliyeipandisha filimbi ya mwanzi kutoka ala ya wachungaji hadi jukwaa kuu, na binti yake, Annapurna Devi.

Annapurna aliolewa na Ravi Shankar mwaka 1941. Wengi waliowasikia pamoja walimwona Annapurna kuwa na kina zaidi. Ndoa ikaharibika, naye katika miaka ya 1950 akaacha kupiga hadharani kabisa, akajifungia Mumbai akifundisha hadi alipofariki mwaka 2018. Hariprasad Chaurasia, mtoto wa mpiga mieleka kutoka Allahabad, tayari alikuwa mpiga filimbi maarufu wa studio za filamu alipobisha hodi kwake. Akakataliwa, akaambiwa aanze upya kama kweli ana nia. Akageuza filimbi upande wa pili, akajifunza kuipiga kwa mikono kinyume na alivyozoea. Hadi leo anaishika hivyo.

Mkabala na Maihar alisimama Vilayat Khan (1928–2004), wa ukoo wa wapiga sitari vizazi kadhaa, aliyeifanya sitari iimbe kama koo la mtu kwa kuvuta uzi mmoja noti baada ya noti. Alikataa nishani za serikali akisema watoaji hawana sifa za kumpima. Ukiniuliza mimi, kwa sitari ninamsikiliza Nikhil Banerjee, na kwa sauti Amir Khan wa Indore (1912–1974), ambaye haharakishi lolote.

Kugawanyika kwa India mwaka 1947 kuliuathirije muziki?

Kulikata nasaba katikati. Roshan Ara Begum, mrithi mkubwa wa Abdul Karim Khan, alihamia Pakistan, ambako baraza na matajiri wa kumlipa hawakuwepo. Bade Ghulam Ali Khan wa Kasur, nguzo ya Patiala, alibaki upande wa Pakistan, hakuridhika, akarudi India na kupewa uraia. Alifia Hyderabad mwaka 1968. Wakati huohuo tawala za wafalme wadogo zilifutwa, na mishahara ya waimbaji wao ikafa nazo. Redio ya taifa, All India Radio, ndiyo iliyowaokoa wengi kwa kuwaajiri, ingawa ilikuwa na vituko vyake: ilipiga marufuku kinanda cha harmoniamu mwaka 1940 kwa madai kwamba hakiwezi kuyumbisha noti za Kihindi, na ikakiruhusu tena mwaka 1971.

Waislamu na Wahindu waliuchangia vipi?

Hauwezi kutenganishwa. Waislamu huitwa Ustad, Wahindu Pandit, na katika nasaba moja utawakuta wakipokezana. Mfano wa Bismillah Khan (1916–2006) unatosha. Mshia wa Varanasi, alijifunzia zumari yao, shehnai, kandokando ya Ganges na ndani ya mahekalu, na katika Muharram akapiga nyimbo za maombolezo akitembea peku. Ala hiyo ilikuwa ya harusini na milangoni mwa mahekalu. Yeye akaiingiza ukumbini. India ilipopata uhuru mwaka 1947 aliitwa kupiga Delhi, kwenye Ngome Nyekundu.

Kuna uhusiano wowote na taarab?

Upo, ila kwa njia ya sinema. Filamu za Kihindi zilijaza majumba ya Mombasa, Unguja na Dar es Salaam, na watunzi wake kama Naushad walijenga nyimbo juu ya raga. Katika filamu ya Baiju Bawra ya mwaka 1952, inayohusu mshindani wa Tansen, Amir Khan mwenyewe aliimba, na wimbo wa dua wa Mohammed Rafi ulitungwa katika Malkauns. Juma Bhalo wa Mombasa alijenga jina lake kwa kutia maneno ya Kiswahili katika mahadhi ya filamu hizo, na tabla ikawa ala ya kawaida ya taarab ya Mombasa. Kwa hiyo mtu wa pwani anaposikia Malkauns mara ya kwanza na kuhisi kwamba anaijua, huenda anaijua kweli.

Nianze na nani?

Usianze na rekodi ya saa nzima. Anza na Bismillah Khan au Hariprasad Chaurasia, kwa kuwa ala zao zinaingia masikioni haraka. Kisha raga ya Yaman kwa waimbaji wawili tofauti, usikie noti zilezile zikienda njia mbili. Kwa tabla, Zakir Hussain (1951–2024), mtoto wa Alla Rakha, hakuna mjadala. Amir Khan katika raga ya Marwa mwache kwanza, umrudie baadaye, jioni jua linapozama, simu ikiwa mbali.

Kwa walio hai, mtafute Kaushiki Chakraborty wa Patiala, Ulhas Kashalkar kwa khayali ya kizamani, na Shahid Parvez kwa sitari ya ukoo wa Vilayat Khan. Ukibahatika kuwa Kolkata mwezi Januari, tamasha la Dover Lane bado linakesha, na watu huja na mashuka. Makofi si lazima. Ukipendezwa, sema "wah" taratibu palepale, msanii akusikie.